MSVCP140.dll haipo: maana yake nini?
Katika duka la huduma za kompyuta ninakofanya kazi, hapa Moshi mjini, wateja huja mara kwa mara na malalamiko yaleyale: programu imegoma kufunguka, na skrini inadai kwamba faili ya MSVCP140.dll haipo. Faili hiyo ni maktaba ya pamoja, yaani mkusanyiko wa msimbo ambao programu nyingi huutumia kwa zamu au kwa wakati mmoja, badala ya kila moja kubeba nakala yake na kujaza diski bure. 

Wengi hupakua faili hiyo moja kutoka tovuti wasiyoijua na kuibandika ndani ya System32, folda ya mfumo wa Windows, jambo ambalo kwangu ni sawa na kuwakaribisha virusi. Isitoshe, katika Windows ya biti 64, System32 huhifadhi maktaba za biti 64, ilhali zile za biti 32 hukaa kwenye folda ya SysWOW64 (majina yanayopotosha kweli kweli). Mimi husakinisha upya kifurushi cha Visual C++ kutoka Microsoft, ambacho ndicho kinacholeta faili hiyo, toleo la x86 (biti 32) pamoja na la x64 (biti 64), kwa kuwa programu ya biti 32 haiwezi kupakia maktaba ya biti 64.