"Vamp": neno la kiatu lililofika hadi kwenye muziki

Kitazame kiatu kwa juu. Kile kipande cha ngozi kinachofunika vidole na mgongo wa mguu, kwa Kiingereza kinaitwa "vamp". Asili yake ni Kifaransa cha kale, "avantpié", yaani mbele ya mguu, na hapo kwanza lilitaja sehemu ya soksi.

Ndicho kipande kinachoteseka kuliko vyote, maana hukunjwa kila hatua. Kikatwe kwenye ngozi safi ya mgongoni, kamwe si ya tumboni, ambayo hulegea upesi. Kabla ya kukata, vuta ngozi kwa mikono miwili: upande usiovutika uelekee vidoleni, unaovutika ukae kimapana. Ukikosea hapo, kiatu kitarefuka na kupoteza umbo. Kingo za kushonea nazo zipunguzwe unene, la sivyo mshono utavimba na kuchubua mguu.

Fundi alipobandika ngozi mpya kwenye kiatu kikuukuu, "vamp" likawa kitenzi: kutia kiraka, kuungaunga. Humo ndimo lilimotoka "revamp", kukarabati. Wanamuziki nao wakalichukua kwa usindikizaji wa kubuni papo hapo, na leo hasa ni kipande kifupi kinachorudiwarudiwa mpaka mwimbaji awe tayari kuingia.

Tafadhali msilichanganye na "vamp" la mwanamke mtongozaji. Hilo limefupishwa kutoka "vampire", mnyonya damu, wala halina undugu na mguu.