Nilivyoweka modi na CC kwenye The Sims 4 na gemu ikabaki nzima

Kilichonisukuma ni nywele. Nilitaka mhusika wangu wa The Sims 4, gemu ya kuigiza maisha ya watu, awe na nywele za kipilipili zenye mikunjo inayoonekana, na misuko inayoanzia kwenye ngozi ya kichwa, si kitu kilichokaa juu yake kama kofia. Gemu yenyewe imepiga hatua: Desemba 2020 iliongezewa rangi za ngozi zaidi ya 100, na mitindo ya nywele za asili imekuwa ikiongezeka. Hata hivyo nilichokitaka hasa nilikikuta kwa wachezaji wenzangu, watu wanaochonga msuko mmoja mmoja kwenye programu za michoro kisha wanautoa bure. Nawaheshimu mno watu hawa, na ndiyo maana nilitaka kazi yao ikae kwenye gemu yangu inavyostahili.

Ninayoizungumzia ni The Sims 4 ya kompyuta. Ilitoka mwaka 2014, na tangu Oktoba 2022 gemu ya msingi ni ya bure, kwa hiyo wachezaji wapya ni wengi na swali lao la kwanza huwa hilohilo: modi na CC naziweka vipi? Kuweka kwenyewe ni kazi ndogo. Kazi kubwa ni kujua kila faili liko wapi na limetoka wapi, maana siku gemu itakapogoma, na itagoma, utatakiwa kulipata faili moja kati ya mamia. Mimi niliyapanga mambo kwa ajili ya siku hiyo tangu mwanzo.

Kuna makundi mawili. CC, yaani custom content, ni vitu vya kuongeza: nywele, nguo, vipodozi, viti, mapazia. Huja kama mafaili yanayoishia na .package. Modi zenyewe hubadili namna gemu inavyofanya kazi. Nyingine nazo ni .package tu, lakini zile kubwa huja pia na faili la skripti linaloishia na .ts4script, na ndani yake kuna kodi ya lugha ya programu ya Python. Kompyuta nyingi huficha miishio hiyo ya majina. Niliiwasha kwanza kwenye mipangilio, kwa sababu usipoiona hujui umeshika nini.

Folda inayohusika iko kwenye Documents, ndani ya Electronic Arts, kisha The Sims 4, na inaitwa Mods. Haitaonekana mpaka gemu ifunguliwe walau mara moja. Anayecheza kwa Kifaransa ataikuta chini ya Les Sims 4, na wa Kijerumani chini ya Die Sims 4. Baadhi ya kompyuta zina Documents mbili, moja ya kawaida na nyingine iliyounganishwa na hifadhi ya mtandaoni, na hapo watu huhangaika sana. Njia niliyotumia kuhakikisha niko penyewe: nilicheza kidogo, nikahifadhi, nikafunga gemu, kisha nikaingia folda ya saves kuangalia kama kuna faili lenye saa ileile. Lipo? Basi Mods iliyo jirani yake ndiyo gemu inayoisoma.

Vitu vingi hupakuliwa vikiwa vimefungwa kwa .zip au .rar, na gemu haisomi vifurushi hivyo. Nilivifungua kwa programu ya 7-Zip kwenye folda ya pembeni, nikaangalia kilichomo, halafu ndipo nikahamisha. Faili la .ts4script lisifunguliwe. Programu ya kufungulia inaweza kulitambua kama kifurushi na kukuonyesha kitufe cha kulifungua, lakini gemu inalitaka lilivyo.

Kuna jambo la kina cha folda ambalo maelezo mengi hulipita haraka. Kwa mipangilio ya kawaida, mafaili ya .package yanasomwa hata yakiwa ndani ya folda tano zilizopandana. Skripti inasomwa ikiwa ndani ya Mods moja kwa moja au folda moja tu chini yake. Ukiizamisha zaidi ya hapo haifanyi kazi, na hakuna ujumbe wowote wa kukuarifu. Kwa hiyo nilizigawa hivi: kila modi yenye skripti ina folda yake peke yake, moja kwa moja chini ya Mods, na mafaili yake yote yakae pamoja humo. MC Command Center, modi maarufu ya kudhibiti mambo ya gemu, kwa mfano, ina faili la skripti na faili la .package linaloambatana nalo, na hayatenganishwi. CC nikaiweka kwenye folda za Nywele, Nguo na Nyumba, na ndani ya kila moja folda ya kila mtengenezaji. Pembeni kabisa, nje ya Mods, nina faili la maandishi lenye jina la kila kitu, mahali nilipokitoa, toleo lake na tarehe. Kuandika mstari mmoja huchukua muda mfupi sana, na faili hilo limeniokolea jioni nyingi.

Baada ya hapo ni kwenye gemu yenyewe: Game Options, kisha Other, unaweka alama kwenye kisanduku cha kuruhusu vitu vya kuongeza na modi, na kingine cha kuruhusu skripti. Unathibitisha, unafunga gemu kabisa, unafungua upya. Ikifunguka itakuonyesha orodha ya ilivyovisoma. Soma orodha hiyo. Kama kitu ulichokiweka hakimo, jibu liko kwenye folda, si kwenye gemu.

Sasa nywele. Sikuweka zote nilizozipakua kwa mkupuo mmoja. Niliweka za mtengenezaji mmoja, nikaingia sehemu ya kuunda mhusika, nikachuja ili nione CC pekee, nikazikagua moja baada ya nyingine. Kwanza niliangalia rangi. Nywele za gemu huwa na rangi 24, na mtengenezaji makini hutoa zote ili nywele zake zilingane na nyusi na ndevu. Kisha nikamvika mhusika kofia: kazi nzuri hubonyea chini ya kofia, na isiyokamilika hutokeza misuko juu ya kitambaa. Halafu nikaanza kucheza, nikasogeza kamera hadi usoni, nikairudisha taratibu hadi juu ya paa. Hapo ndipo mtindo mmoja niliokuwa nimeupenda sana ulipotoweka kichwani na kumwacha mhusika na upara, kisha ukarudi niliposogea tena. Maana yake ni kwamba kila kitu kwenye gemu hii hutakiwa kuwa na maumbo kadhaa, la karibu lenye maelezo mengi na ya mbali yaliyopunguzwa, na haya ya mbali hayakuwa yametengenezwa. Niliuondoa siku hiyohiyo, ingawa kwa karibu ulikuwa wa kupendeza kuliko yote.

Kuna mitindo miwili mikuu ya CC na inafaa kuijua mapema. Upo ule unaofuata mwonekano wa gemu, wenye vishada laini kama vilivyochorwa, na upo ule wa kutafuta uhalisia, unaoonyesha unywele mmoja mmoja. Wa pili ni mzito. Nywele za aina hiyo zinaweza kuwa na poligoni, yaani vipande vidogo vinavyounda umbo, makumi ya maelfu, na kompyuta ya kawaida yenye wahusika wanane kwenye chumba kimoja itaanza kukwama. Nilichagua wa kwanza kwa karibu kila kitu, na sijutii, kwani hata nikipiga picha wahusika wangu wanaonekana wa dunia moja na majirani zao.

Jambo jingine ni vitu vinavyotegemea vingine. Faili la rangi mpya mara nyingi halina umbo ndani yake, linahitaji umbo la asili, ambalo watengenezaji huliita meshi, lipakuliwe kivyake. Ukiona kijipicha lakini mhusika akabaki bila nguo hiyo, au kiti hakionekani chumbani, rudi ulikokipakua usome maelezo yote. Karibu kila mara meshi imetajwa hapo.

Masasisho ya gemu ndiyo mtihani halisi. Kila gemu inaposasishwa, huzima modi na skripti yenyewe, na mtu huona vitu vyake vyote vimepotea. Havijapotea. Lakini usikimbilie kuviwasha. Mafaili ya nywele na nguo mara nyingi huvuka salama, skripti ndizo huathirika, kwa sababu zinagusa kodi ambayo huenda imebadilishwa. Sasisho la Machi 2023 lililoleta watoto wachanga liligusa mambo mengi, na modi nyingi zilihitaji matoleo mapya. Utaratibu wangu ni kuhamisha folda zote za skripti nje ya Mods kabla ya kufungua gemu iliyosasishwa, kufuta faili la muda la vijipicha, localthumbcache.package, ambalo gemu hulitengeneza upya lenyewe, kisha kurudisha skripti moja moja kadiri watengenezaji wanavyotoa matoleo mapya au kuthibitisha kwamba la zamani linafaa.

Baada ya sasisho moja, nilipobofya jokofu hakuna menyu iliyojitokeza. Mhusika alisimama mbele yake na njaa yake ikishuka. Kwenye folda ya The Sims 4 lilikuwa limetokea faili linaloitwa lastException.txt, ambalo gemu huandika inapokumbana na hitilafu. Modi ya Better Exceptions huyasoma mafaili hayo na mara nyingi hutaja inachokishuku, lakini safari hii haikutaja kitu, nikaingia kwenye njia ya kugawa nusu kwa nusu. Nilihamisha Mods nzima mezani pa kompyuta (desktop), nikafungua gemu mpya ya majaribio: jokofu likaitika. Basi tatizo lilikuwa langu, si la gemu. Nikarudisha nusu ya mafaili, nikajaribu. Nusu ile ikiwa safi naiacha, ikiwa na tatizo naigawa tena. Hata ukiwa na mafaili 500, raundi 9 zinatosha kukufikisha kwenye moja. Lilikuwa faili la .package la modi ya mapishi iliyobadilisha menyu ya jokofu. Nililiondoa, na mtengenezaji alipotoa toleo jipya nikalirudisha.

Ukifanya majaribio hayo, usifungue familia unayoipenda. Gemu ikifunguliwa bila CC, fanicha za kuongeza hutoweka kwenye nyumba, na ukihifadhi katika hali hiyo hazirudi hata ukirejesha mafaili. Tengeneza familia ya majaribio, iweke kwenye nyumba tupu yenye jokofu na kitanda tu, uitumie kwa kazi hiyo tu.

Kuhusu usalama nina msimamo mkali. Skripti ni programu inayoendeshwa kwenye kompyuta yako. Mwaka 2024 ziligundulika modi za gemu hii zilizobeba programu hasidi ya kuiba taarifa za watu. Tangu hapo sichukui skripti mpya siku inapotoka, na sichukui kutoka kwa mtu anayepakia upya kazi ya mwingine. Faili linaloishia na .exe likijidai ni nywele, ninalifuta bila kulifungua.

Na kila mwezi nanakili folda tatu kwenye diski ya nje: Mods, saves na Tray, ile inayobeba nyumba na familia nilizoziweka kwenye maktaba ya gemu. Kwenye saves utakuta pia mafaili yenye .ver0 hadi .ver4 mwishoni. Hizo ni nakala ambazo gemu hujiwekea yenyewe. Ukitaka kurudi nyuma, nakili unayoitaka, ondoa .ver na namba yake ili jina liishie kwenye .save, uipe namba ya nafasi isiyotumika, na familia itaonekana kwenye orodha ya kupakia.