Nilivyohakiki majina ya mtoto kabla hayajaandikwa kwenye cheti

Mdogo wangu anaishi Marekani na mumewe. Alipokuwa mjamzito alinitumia majina aliyoyakusanya mtandaoni, yote yakidaiwa kuwa na asili ya Kiswahili, akaniomba nimhakikishie maana zake, kwa kuwa mimi nimebaki Tanga karibu na wazee wetu. Niliziweka kando maana zilizoandikwa, nikaliuliza kila jina mambo matatu: neno hilo limo katika Kiswahili, limetoka lugha gani, na watu wanaoitwa hivyo waliitwa kwa sababu gani. Orodha za namna ile huyachanganya mambo hayo.

Imani, Baraka na Rehema hayakunisumbua, kwani Kamusi ya Kiswahili Sanifu ilitosha. Kazi ilikuwa kwenye Jelani, lililofasiriwa kuwa ni "mwenye nguvu". Sikuliona neno lenye maana hiyo katika kamusi yoyote niliyofungua, ndipo nikamwendea mwalimu wa madrasa, akaniandikia jina hilo kwa herufi za Kiarabu. Hapo ikadhihirika kuwa ni Jailani tunayemjua sote pwani, yaani mtu wa Gilan, jimbo la Iran lililo kusini mwa Bahari ya Kaspi, alikotoka Sheikh Abdulkadir Jailani aliyefariki Baghdad mwaka 1166. Tarika ya Kadiria, yaani njia ya Kisufi inayonasibishwa naye, ilienezwa hadi Zanzibar na Sheikh Uways wa Barawa, mji wa pwani ya Somalia, aliyefariki mwaka 1909, na wazee wetu huwapa watoto jina hilo kwa kutabaruku, yaani kutafuta baraka. Kwa hiyo asili yake ni mahali, na linabebwa kwa heshima ya mtu, nguvu haimo.

Tangu hapo nilitaka kuona kwanza maandishi ya Kiarabu ya kila jina lililoelekea kutoka Kiarabu. Amani yetu inatokana na neno la Kiarabu la usalama, lakini wasichana wa Kiarabu waitwao Amani wana jina jingine, lenye maana ya matumaini au matamanio, ambalo huishia na herufi ya yaa. Kwa herufi za Kilatini hayatofautiani hata kidogo. Nia nalo ni miongoni mwa misingi saba ya Kwanzaa, sikukuu ya Wamarekani Weusi iliyoasisiwa na Maulana Karenga mwaka 1966, lakini Wales kuna Nia itokanayo na Niamh ya Kiayalandi, hivyo asili ya Nia fulani wanaijua wazazi wake.

Zuri ndilo lililozua ubishi, kwa sababu shemeji alilipenda mno. Wazee walilicheka: kwetu mtu ni mzuri, kinachoweza kuwa zuri ni jina au gari, na hapakuwa na bibi yeyote waliyemkumbuka aliyeitwa hivyo. Mimi niliwaandikia kwamba ni jina la Kimarekani lililoundwa kwa shina la Kiswahili, na kwamba kwa maelezo hayo ni halali kabisa, ilimradi mtoto asiambiwe kuwa ni jina la kale la pwani. Wameliandika la pili, baada ya Rehema.