Kabla mama hajaingia chumba cha upasuaji

Mama alifanyiwa upasuaji wa ngiri Jumanne, na leo ameweza kunywa uji. Alhamdulillahi.

Naandika kwa ajili ya yeyote anayejiandaa kumpeleka mgonjwa wake. Tulipotajiwa sh. 800,000, mdogo wangu alitaka tulipe siku ileile. Nikamwambia subiri, nikaenda dirisha la uhasibu kuomba makadirio kwa maandishi, kitu kimoja kimoja. Kumbe ile 800,000 ni upasuaji wenyewe tu! Dawa ya usingizi mbali, kitanda mbali kwa kila usiku, kipimo cha moyo na vya damu mbali, na ule wavu unaoshonewa ndani kuzuia ngiri isirudi nao una bei yake. Jumla ilipita 1,200,000.

Kadi ya bima ya mama ilibeba vipimo na kitanda. Wavu haukuwamo kwenye kitita chake. Jambo hilo tulilijua wiki mbili kabla, siyo siku ya kuruhusiwa, na hizo wiki mbili ndizo zilizotuokoa.

Pengo lililobaki tulilipeleka ofisi ya ustawi wa jamii palepale hospitalini. Wengi hawajui kama ipo. Dada wa pale alitusikiliza kwa heshima, tukakubaliwa kulipa nusu kwanza na nyingine kwa awamu.

Na jamani, tengeni nauli na chakula cha anayemuuguza mgonjwa. Hiyo haiandikwi kwenye makadirio yoyote, na kwetu ilikula sh. 15,000 kila siku.