Nilivyoifuatilia Familia ya Block, Kutoka Magodoro ya Nyasi Hadi New Stanley

Kila niliyemweleza kwamba ninataka kuandika historia ya familia ya Block, wahamiaji waliokuja kumiliki hoteli za Norfolk na New Stanley jijini Nairobi, alinipa ushauri uleule: anza na wazee. Ushauri huo una sura ya hekima, na ndiyo maana ulinipotezea muda mwingi. Nilikuwa naandaa somo la wanafunzi wangu wa hoteli na utalii, ambao wanajua kukunja leso za mezani kwa kila mtindo lakini hawajui ni nani waliojenga biashara wanayoitafutia kazi, na nilishawishika kwamba wastaafu wawili watatu wangetosha.

Wazee niliwapata, na chai tulikunywa. Wa kwanza, aliyekuwa mpishi, alinihakikishia kwamba Abraham Block ndiye aliyejenga Norfolk. Wa pili akaapa kwamba alijenga New Stanley, na kwamba alikuwa Mwingereza mwenye cheo jeshini. Wa tatu, aliyewahi kubeba mizigo ya wageni, alinichorea ramani juu ya meza kwa kidole alichochovya katika chai, akaligonga doa hilo na kusema, "Mwalimu, andika hapa: Stanley haijawahi kuhama." Niliandika. Baadaye ilidhihirika kwamba hakuna hata moja kati ya hayo lililokuwa kweli, ingawa wote watatu walisimulia vizuri kuliko kitabu chochote nilichosoma.

Ukweli ni kwamba Norfolk ilifunguliwa wakati wa Krismasi ya mwaka 1904 na Meja Ringer pamoja na mshirika wake, Winearls. Block wakati huo alikuwa kijana Myahudi mwenye asili ya Lithuania, aliyefika mwaka mmoja kabla kupitia Afrika Kusini, baada ya kusikia kwamba serikali ya Uingereza, kupitia waziri wake Joseph Chamberlain, ilikuwa tayari kuwapa Wayahudi ardhi katika Afrika Mashariki. Mpango huo ulikataliwa na Wazayuni wenyewe mwaka 1905, lakini yeye alikuwa amekwisha kufika na hakurudi. Stanley nayo ilianzishwa na mwanamke, Mayence Bent, katika barabara ya Victoria. Ikateketea kwa moto mwaka 1905, ikahamia Government Road, na hatimaye ikajengwa upya kwa jina la New Stanley pale Delamere Avenue inapokutana na Hardinge Street.

Ushauri wa pili ulikuwa nitafute jina la familia katika Gazeti Rasmi la Serikali, ambalo limekuwa likichapishwa tangu mwaka 1899 na ambalo nakala zake nyingi za zamani zinapatikana kwenye intaneti. Yeyote aliyetoa ushauri huu hakuwahi kuujaribu. Kwa Kiingereza, jina la familia hii ndilo neno linalotumika kutaja vipande vya ardhi, kwa hiyo nililetewa viwanja vya mji mzima, mashamba ya walowezi, mabweni na matofali, huku Abraham akiwa amefunikwa humo kama sindano katika gunia la mtama.

Hapo ndipo nilipoacha kuwafuata watu na kuanza kufuata pombe, na nitajisifu kidogo kwa sababu hakuna aliyenifundisha hilo. Mwenye hoteli anaweza kununua vitanda kimyakimya, lakini hawezi kuuza wiski kimyakimya: enzi hizo leseni iliombwa, na maombi yalitangazwa katika Gazeti Rasmi, jina la mwombaji upande mmoja na nyumba ya biashara upande wa pili, kwa herufi ndogo zinazoumiza macho. Ukiishika nyumba badala ya ukoo, jina la mwombaji linapobadilika unajua kwamba kuna jambo limetokea, na hapo unajua ni mwaka gani wa kuchimba katika magazeti ya kawaida. Matangazo ya mirathi hufanya kazi hiyohiyo kwa upande wa vifo, hivyo usiyaruke.

Kabla ya hapo, hata hivyo, andaa jedwali la majina ya barabara, la sivyo hutaona kitu. Victoria Street leo ni Tom Mboya, Government Road ni Moi Avenue, Delamere ni Kenyatta Avenue na Hardinge ni Kimathi. Nenda na penseli, kwa kuwa chumba cha kumbukumbu kinachojiheshimu hakiruhusu kalamu ya wino. Gharama hazikunifilisi, nauli na nakala zilikula elfu kadhaa, na chai ya wazee ikala zaidi.

Baada ya hapo mfululizo ulijipanga wenyewe: Block aliichukua Norfolk mwaka 1927, akainunua New Stanley mwaka 1947, na wanawe Jack na Eric wakaikuza kampuni ya Block Hotels. Mwaka 1959 ukafunguliwa mkahawa wa Thorn Tree pale New Stanley, ambako wasafiri walibandikiana barua kwenye shina la mti, na usiku wa tarehe 31 Desemba 1980 Norfolk ikalipuliwa kwa bomu.

Kuna kisa kimoja ambacho leseni hazikuweza kunithibitishia. Inasimuliwa kwamba Block, alipokuwa bado anabangaiza, alimtengenezea Bi. Bent magodoro ya hoteli yake kwa kuyajaza nyasi kavu, na miongo kadhaa baadaye familia yake ikawa mmiliki wa hoteli hiyo. Kutengeneza godoro hakukuhitaji leseni, kwa hiyo nimekiingiza katika somo chini ya kichwa "Masimulizi", peke yake, mbali na tarehe. Wanafunzi huzisahau tarehe zote nilizozitolea jasho, lakini magodoro wanayakumbuka, na sasa nimeyatungia swali la mtihani lenye alama nyingi kuliko nilivyokusudia.