Pasteles za Krismasi: kazi yote iko kwenye masa

Anayepika pasteles za Puerto Rico, vifurushi vya rojo la ndizi na nyama vinavyochemshwa ndani ya jani la mgomba, kwa mara ya kwanza huhangaika na nyama, kumbe nyama haina shida. Zeituni zikipungua au kitunguu saumu kikizidi, bado italika. Kinachoiangusha pastel ni masa, yaani rojo la ndizi mbichi na mizizi iliyokwanguliwa. Ikiwa na maji mengi haishikani, ukifungua jani inatawanyika sahanini. Ikiwa kavu inakaba koo. Na ni kazi ya mikono mingi, ndiyo maana familia huko huianza siku kadhaa kabla ya Mkesha wa Krismasi, huyu anamenya, yule anakwangua, mwingine anafunga, kisha pasteles zinagandishwa zikingoja wageni hadi sikukuu ya Mamajusi, Januari 6.

Vipimo hivi vinatoa pasteles 20 hivi. Kwa masa: ndizi mbichi kilo 1.6 zikiwa zimeshamenywa, yautía gramu 700 (jamaa wa karibu wa gimbi), mzuzu mbichi 2, na boga gramu 150. Kwa ndani: nyama ya bega la nguruwe kilo 1, dengu kubwa (garbanzo) zilizochemshwa kikombe 1, zeituni za kijani nusu kikombe, sosi ya nyanya nusu kikombe na sofrito kikombe 1. Sofrito ni vitunguu maji, vitunguu saumu, pilipili tamu ndogo ziitwazo ají dulce, giligilani na majani ya recao (yananukia kama giligilani), vyote vimesagwa pamoja. Zabibu kavu? Wengine hawaziachi, wengine wakiikuta moja tu wanaitema. Mimi niko upande wa pili.

Anza na mafuta ya achiote, yaani mafuta yaliyotiwa rangi kwa mbegu nyekundu za achiote, maana yanaingia kila mahali. Weka kikombe 1 cha mafuta na vijiko 4 vya chakula vya mbegu za achiote kwenye sufuria ndogo, moto wa chini kabisa, dakika 5 hivi. Mafuta yakishakuwa mekundu yanayoelekea rangi ya chungwa, epua na uchuje. Mbegu zikianza kuwa nyeusi umechelewa: rangi inakufa na uchungu unabaki. Usijaribu kuyaokoa, mwaga uanze upya.

Nyama ikate vipande vya sentimita 1. Vikubwa zaidi vitatoboa masa wakati wa kukunja. Kaanga kwa vijiko 2 vya mafuta ya achiote, ongeza sofrito, sosi, oregano na chumvi, mimina vikombe 3 vya maji, funika uache ichemke taratibu dakika 45 mpaka ilainike. Chota vikombe 2 vya mchuzi uweke kando kabla ya kutia dengu na zeituni. Nyama inayobaki iwe na rojo tu, isiogelee, na ipoe kabisa kabla ya kufunga.

Sasa masa. Pakaa mikono mafuta kabla ya kumenya ndizi, kwa sababu utomvu wake ukishika vidole na kisu hautoki kirahisi. Kata ncha mbili, pasua ganda kwa urefu, libandue kwa kidole gumba, na tumbukiza ndizi kwenye maji ya chumvi zisigeuke nyeusi. Yautía ikiwa mbichi huwasha ngozi ya watu wengine, hao wavae glavu. Kisha futa maji yote kwenye kila kipande kabla ya kukwangua.

Kikwangulio cha matundu madogo, kinachoitwa guayo, hutoa masa laini inayoshikana bila kuongezewa chochote. Kinachokata kwa umeme hakina ubaya mradi masa isibaki na chembe ngumu. Blenda ndiyo mtego: haizunguki bila kumiminiwa maji, na maji hayo huwezi kuyatoa tena.

Changanya vyote, tia robo tatu ya kikombe cha mafuta ya achiote, vijiko vya chakula kimoja na nusu vya chumvi, na kikombe 1 cha mchuzi uliouweka kando, kidogo kidogo. Chota kwa kijiko na ukiinamishe: masa iteleze polepole kwa bonge, isimwagike. Usiionje mbichi. Tupa kijiko kimoja kwenye maji yanayochemka, iive dakika 8 au 10, ndipo uonje. Hapo unajua chumvi, na unajua kama inashikana. Ikiwa ngumu, ongeza mchuzi. Ikiwa imelegea, kwangua ndizi mbili zaidi.

Majani ya mgomba yapitishe juu ya moto mpaka rangi ikolee na yaanze kung'aa. Jani lisilopashwa hupasuka kwenye kila kunjo. Toa uti wa katikati, futa vumbi, kata vipande vya sentimita 20 kwa 25.

Tandaza karatasi ya kuokea, juu yake jani, na upake mafuta ya achiote kidogo tu. Weka masa zaidi kidogo ya nusu kikombe, itandaze iwe mstatili wa sentimita 15 kwa 10, na panga vijiko 2 vya nyama katikati kwa urefu. Inua ukingo wa karatasi ulio karibu nawe mpaka masa ifunike nyama na kukutana na upande wa pili, kunja tena, kisha ingiza ncha zote mbili chini. Funga mbilimbili kwa uzi wa pamba, mishono ikitazamana. Jozi hiyo huitwa yunta. Uzi ukaze kiasi tu. Ukibana sana, masa inatoka pembeni.

Chemsha maji mengi, kijiko 1 cha chumvi kwa kila lita 2, maana maji yasiyo na chumvi hunyonya ladha. Tumbukiza jozi 5 kwenye sufuria ya lita 8, zichemke saa 1, ukizigeuza nusu saa ikifika. Zitoe mara moja, zisimamishe zichuje maji, na uziache dakika 10 kabla ya kufungua, kwa kuwa masa hukaza inapopoa kidogo. Pembeni ni wali wa mbaazi, arroz con gandules. Kuhusu kuweka ketchup juu, watu wa Puerto Rico wenyewe hawajaelewana na sitawaamulia.

Za kugandisha zigandishwe mbichi, zikiwa zimefungwa. Siku ya kupika usiziyeyushe, kwa sababu zikiyeyuka masa huachia maji. Zitie kwenye maji yanayochemka moja kwa moja na uongeze dakika 15 au 20. Zilizokwisha kupikwa zikibaki, kata vipande na ukaange kwa mafuta kidogo mpaka kingo ziwe kavu.