Upanga mmoja haubebi kila uchawi

Jana stima ziliporudi hapa Kondele nilikaa na mpwa wangu tumalizie upanga wetu wa almasi kwenye mchezo wa simu wa Minecraft. Tayari ulikuwa na uchawi wa Sharpness V, yaani ngazi ya 5, na mkononi nilikuwa na kitabu cha uchawi mwingine, Smite V, nilichokihangaikia wiki nzima. Nikajisemea, nikiviunganisha hivi, nani atanigusa?

Naweka kwenye fuawe, inatokea X nyekundu. Nikadhani simu imekwama.

"Anko, hizo mbili hazikai pamoja," akasema yule mtoto, hata macho hakuyainua kwenye sahani ya omena.

Kumbe Sharpness, Smite na Bane of Arthropods ni wake wenza wasiosalimiana, na upanga unaoa mmoja tu! Sharpness inaumiza kila kiumbe. Smite ni ya wafu pekee: mazombi, mifupa, hata yule Wither mwenye vichwa vitatu. Lakini hao inawachapa kweli, kila ngazi inaongeza pointi 2.5 za madhara, yaani 12.5 ukifika ngazi ya 5. Bane ni ya buibui na jamaa zao, hiyo sina haja nayo.

Upinde nao una ugomvi wake, Infinity (mishale haiishi) na Mending (upinde unajikarabati). Nimechukua Mending, mishale nitatengeneza.

Basi upanga umebaki na Sharpness, pamoja na Looting (ya kupata nyara zaidi) na Unbreaking (ya kudumu zaidi), ambazo hazigombani na mtu. Smite nimeipeleka kwenye shoka. Sasa mpwa anataka tumwite Wither Jumamosi, na mimi bado sina hata deraya kamili.